Aliyemwandikia Carl Peters Maneno

Nazungumza nanyi nyote mlioko Songambele, na majirani zetu wa Kaisho, Murongo, Nkwenda, Kayanga na vijiji vyote vya Karagwe na Kyerwa. Jioni hii nazungumzia maisha ya Mjerumani mmoja ambaye kazi yake ilikuwa kuandika filamu. Aliitwa Walter Zerlett-Olfenius. Hata kwao Ujerumani wanaolijua jina hilo ni wachache, wengi wao wakiwa watu wanaochambua filamu za zamani. Nimemchagua kwa sababu wakati wa Vita Kuu ya Pili alikaa mezani pamoja na wenzake wawili, wakaandika hadithi ya jinsi nchi hii ilivyotwaliwa, na ndani ya hadithi hiyo wakamwekea maneno mdomoni mtu aliyezaliwa Dar es Salaam. Yule wa Dar es Salaam alifia kwenye kambi ya mateso. Mwandishi aliishi hadi mwaka 1975. Nadhani tuna haki ya kumuulizia.

Tuanze na kazi yenyewe, maana tunaipita bila kuiona. Mtu akiingia kibanda umiza huuliza, steringi nani? Haulizi nani kaandika. Vijana wanaweza kukutajia waigizaji wa Marekani, wa India, wa Nigeria, na wa Bongo Movie tangu enzi za marehemu Kanumba, lakini jina la mwandishi hupita kwenye kioo haraka, wakati watu wangali wanatafuta pa kukaa. Hata hivyo, kabla kamera haijawashwa, yuko mtu aliyekwisha kuamua kila kitu. Ameamua nani atakuwa steringi na nani adui. Ameamua nani atakufa mapema na hatalilia mtu. Ameamua nani atapewa jina, baba, mama na machungu yake, na nani atapita tu nyuma ya picha akiwa na mzigo kichwani. Ukishaandikiwa upagazi kwenye skripti, hata uigize kwa ustadi wa namna gani, utatoka humo ukiwa mpagazi.

Zerlett-Olfenius alizaliwa Wiesbaden mwaka 1897. Kaka yake, Hans Zerlett, alikuwa mwongozaji wa filamu, na mwaka 1939 aliongoza *Robert und Bertram*, filamu ya nyimbo na vichekesho iliyotengenezwa ili watu wawacheke na kuwadharau Wayahudi. Walter yeye alishika kalamu. Ukitazama orodha ya kazi zake unaona mtu mwenye bidii, anayejua kupanga kisa, lakini huoni alama yake mwenyewe. Anaandika kinachotakiwa. Leo ni filamu ya mpiganaji wa zamani, *Trenck, der Pandur*, ya mwaka 1940. Mwaka 1942 ni *Geheimakte W.B.1*, habari za Wilhelm Bauer, Mjerumani wa karne ya 19 aliyebuni nyambizi, katika mwaka ambao nyambizi za Hitler zilikuwa zikizamisha meli baharini.

Ili tumwelewe, lazima tujue mazingira aliyoyakuta. Wanazi walipotwaa madaraka mwaka 1933 waliwafukuza Wayahudi katika kazi ya filamu, na waandishi wengi wa Berlin wakakimbia. Mmoja wao ni Billy Wilder, aliyepitia Paris na kufika Marekani, akawa miongoni mwa waandishi na waongozaji wakubwa kabisa wa Hollywood. Mwaka 1934 ikatungwa sheria ya filamu iliyotaka skripti ipelekwe serikalini ikakaguliwe kabla ya picha hata moja kupigwa. Kwa hiyo viti vilikuwa vitupu, na mlangoni amesimama mkaguzi. Aliyekubali masharti alipata kazi. Zerlett-Olfenius alikuwa kama mtu aliyehamia shamba la jirani aliyefukuzwa, akakuta kahawa imeiva, akaanza kuchuma. Sisemi kwamba hakuwa na kipaji. Nasema kipaji chake kilipata nafasi kwa sababu wenye kipaji kuliko yeye walikuwa wamefukuzwa nchini.

Rafiki yake mkubwa katika kazi alikuwa mwongozaji Herbert Selpin. Filamu nyingi za Zerlett-Olfenius ninazozitaja jioni hii ziliongozwa na Selpin. Likumbukeni jina la Selpin, tutalirudia.

Sasa tuifikie filamu inayotuhusu. Inaitwa *Carl Peters*, nayo ilioneshwa kwa mara ya kwanza mwezi Machi mwaka 1941. Skripti ina majina matatu: Ernst von Salomon, Walter Zerlett-Olfenius, na Selpin mwenyewe. Von Salomon anafahamika. Alikuwa mwandishi wa vitabu, na katika ujana wake alifungwa kwa kushiriki njama ya kumuua Waziri wa Mambo ya Nje wa Ujerumani, Walther Rathenau, mwaka 1922. Steringi alikuwa Hans Albers, mwigizaji aliyependwa Ujerumani nzima, mwenye macho ya buluu na sauti ya bahari. Tafakarini uteuzi huo. Mtu ambaye watazamaji wamemzoea akiwa shujaa na mcheshi ndiye aliyevalishwa nguo za Carl Peters.

Carl Peters wa kweli mnamjua, maana watoto wetu wanamsoma shuleni. Mwishoni mwa mwaka 1884 alitua Saadani akitokea Zanzibar, pamoja na Karl Jühlke na Graf von Pfeil, wakapanda bara hadi Uzigua, Nguru, Usagara na Ukami wakikusanya alama za machifu kwenye karatasi. Mojawapo ni ile ya Mangungo wa Msovero, ya Novemba 1884. Karatasi zile ziliandikwa kwa lugha ambayo machifu hao hawakuweza kuisoma, zikapelekwa Berlin, na mwezi Februari 1885 Kaisari wa Ujerumani akazitolea hati ya ulinzi. Hivyo ndivyo nchi ilivyoanza kuhesabiwa kuwa yao.

Baadaye akafika hadi huku kwetu maziwani. Mwaka 1890 aliingia Buganda na kuwekeana mkataba na Kabaka Mwanga, akidhani amewawahi Waingereza. Alipokuwa njiani kurudi pwani, wakubwa wa Ulaya walikuwa wamekwisha kupatana. Mkataba wa tarehe 1 Julai 1890 uliipa Uingereza Zanzibar na Uganda, ukaipa Ujerumani kisiwa cha Heligoland, na magharibi ya Ziwa Viktoria ukapigwa mstari nyuzi moja kusini mwa Ikweta. Ndugu zangu, mkisimama Murongo mkatazama Kikagati ng'ambo ya Mto Kagera, kule mlikooa na mlikoolewa, mnatazama matokeo ya mwaka huo. Karatasi ya Peters na Mwanga ilitupwa, lakini mpaka ukabaki, na sisi tukabaki pande mbili za mpaka.

Kisha Wajerumani wakampa Peters Kilimanjaro aitawale. Huko, mwishoni mwa mwaka 1891, alimnyonga mtumishi wake aliyeitwa Mabruk. Mwanzoni mwa mwaka 1892 alimnyonga msichana aliyeitwa Jagodja, ambaye alikuwa amemweka nyumbani kwake kama suria. Watu wa huku walimwita mkono wa damu. Habari zilipofika Ujerumani, mbunge August Bebel alizisimulia mbele ya Bunge la Berlin mwaka 1896, na mwaka uliofuata mahakama ya nidhamu ikamfukuza Peters katika utumishi wa serikali. Yeye alikuwa amekwisha kuhamia London. Tazameni jambo hili vizuri: hata Ujerumani ile ya Kaisari, iliyokuwa na makoloni na viboko, ilimwona amevuka mpaka. Aliyemsafisha kabisa ni Hitler, mwaka 1937, miaka 19 baada ya Peters kufa.

Hapo ndipo kalamu ya Zerlett-Olfenius na wenzake ilipohitajika. Serikali ilikuwa imemsafisha marehemu kwa amri, lakini amri haiwafanyi watu wapende. Filamu huwafanya watu wapende. Kazi waliyokabidhiwa ilikuwa ngumu kwelikweli kwa mwandishi yeyote: chukua mtu aliyemnyonga msichana wa nyumbani kwake, umfanye steringi ambaye mama wa Hamburg atamlilia.

Wakaitimiza. Kunyonga wakakugeuza kuwa hukumu ya haki dhidi ya waasi, jambo zito ambalo kiongozi jasiri hulazimika kulitenda. Maadui wakawatoa mbali na Kilimanjaro wakawapeleka Berlin, wakiwa watumishi wa serikali wa Kiyahudi na wabunge wenye maneno mengi. Kilele cha filamu wakakiweka bungeni, ambako Albers anasimama kama Peters akijitetea mbele ya watu wasiostahili kumhukumu. Mtazamaji anatoka nje akiwa amewakasirikia waliouliza habari za Jagodja. Msichana huyo hakupewa nafasi ya kuwa mtu. Hiyo ni kazi ya mwandishi, ndugu wasikilizaji. Mwongozaji hupanga picha na mwigizaji hutoa sauti, lakini anayeamua nani aondolewe kwenye kisa ni aliyeshika kalamu. Kila nikiifikiria filamu hiyo naona kwamba Jagodja aliuawa mara mbili, na mara ya pili ilifanyika mezani.

Hakuna picha ya filamu ile iliyopigwa Afrika. Isingewezekana. Vita vilikuwa vimeanza, na Tanganyika ilikuwa mikononi mwa Waingereza. Afrika ikajengwa Ulaya, kwa mbao na majani. Watu weusi wa kujaza picha walipatikana kwa njia ambayo inaniuma hata kuisema: walichukuliwa wafungwa wa vita, askari wa makoloni ya Ufaransa waliotekwa na jeshi la Hitler mwaka 1940. Watu waliotoka Afrika Magharibi kwenda kuipigania Ufaransa walisimamishwa mbele ya kamera wawe Waafrika wa Tanganyika wanaomshangilia Carl Peters.

Katikati ya umati huo alikuwamo mmoja ambaye kweli alitoka kwetu. Katika skripti anaitwa Ramasan, Mwafrika mwaminifu anayefuatana na Peters katika safari zake. Aliyemwigiza ni Mohamed Husen.

Jina alilopewa na wazazi ni Mahjub bin Adam Mohamed. Alizaliwa Dar es Salaam tarehe 22 Februari 1904. Baba yake alikuwa Msudani, askari katika jeshi la Wajerumani. Vita Kuu ya Kwanza ilipofika huku mwaka 1914, Mahjub alikuwa na umri wa miaka 10. Aliingia jeshini akafundishwa kupeleka ishara, akaenda na kikosi cha kamanda wa Wajerumani, Lettow-Vorbeck, hadi kusini. Mwezi Oktoba 1917, katika mapigano ya Mahiwa kule Lindi, akajeruhiwa, Waingereza wakamkamata. Miaka 13 tu. Mtu akiwa na mtoto wa darasa la sita au la saba nyumbani, amtazame usiku huu, atanielewa.

Baada ya vita akawa mhudumu kwenye meli za Wajerumani, na mwaka 1929 akashuka Ujerumani akiwa na jambo moja: kudai mshahara ambao yeye na baba yake hawakulipwa vitani. Akaenda Wizara ya Mambo ya Nje, Berlin. Wakamkatalia. Hakuondoka. Akapata kazi ya kuhudumia wageni katika jumba la starehe la Haus Vaterland. Akapata kazi nyingine Chuo Kikuu cha Berlin, kuwafundisha Wajerumani Kiswahili, akiwa msaidizi wa maprofesa waliopata heshima na cheo kwa lugha aliyonyonya kwa mama yake. Mwezi Januari 1933, siku chache kabla Hitler hajashika madaraka, akamwoa Maria Schwandner. Wakapata watoto, na wawili kati yao wakafariki wangali wadogo.

Nasema haya yote ili mjue ni mtu gani aliyefika mbele ya kamera. Na sitaki kumfanya malaika. Husen aliyapenda majeshi ya Wajerumani. Alivaa sare ya askari katika sherehe za watu waliotaka makoloni yarudi. Aliomba nishani ya wapiganaji wa Vita Kuu, wakamnyima. Vita ya pili ilipoanza mwaka 1939 aliomba kujiunga na jeshi, wakamkataa. Wapo watu leo wanaomsoma wakamlaumu, wakamwita kibaraka. Mimi siwezi. Mtoto aliyetiwa jeshini akiwa na miaka 10 amejengewa dunia yake na wale waliomtia humo. Alidhani uaminifu ni deni ambalo mwenye nalo atalilipa siku moja, na aliliendea kulidai maisha yake yote.

Filamu kwake zilikuwa njia ya kupata chakula. Kati ya mwaka 1934 na 1941 alionekana katika filamu zaidi ya 20, nyingi kwa dakika chache: mhudumu, mpagazi, mtu wa mlangoni. Mwaka 1934 alikuwamo katika *Die Reiter von Deutsch-Ostafrika*, filamu nyingine iliyohusu nchi yetu, nayo iliongozwa na Selpin yuleyule. Skripti yake ilitokana na riwaya ya mwanamke Mjerumani, Marie Luise Droop, na riwaya hiyo ina jina la Kiswahili, *Kwa heri*. Kwa hiyo Husen na Selpin walijuana tangu zamani. Ramasan ndiyo nafasi kubwa kuliko zote alizowahi kupewa. Miaka saba ya kupitapita nyuma ya picha, hatimaye anapewa mtu mwenye jina na maneno ya kusema, na mtu huyo kaandikwa kwa ajili ya kumpenda Carl Peters.

Mimi humfikiria Zerlett-Olfenius hapo. Alikuwa na mtu aliyeijua Dar es Salaam, aliyepigana vitani huku, mwalimu wa Kiswahili wa chuo kikuu, anayeweza kumwambia watu wa pwani na bara huzungumzaje, hucheka na nini, hukasirikaje. Utajiri ulioje kwa mwandishi! Mwandishi anayeipenda kazi yake angekaa naye jioni nzima akimuuliza. Lakini skripti haikumhitaji Husen mwenye historia. Ilihitaji uso mweusi unaokubali. Kwangu mimi hili linamhukumu mwandishi kwa vipimo vya kazi yake mwenyewe, hata kabla hatujagusa siasa.

Filamu ilioneshwa mwezi Machi 1941. Mwezi Agosti mwaka huohuo, polisi wa siri wa Gestapo walimkamata Husen. Kosa lake lilikuwa uhusiano nje ya ndoa na mwanamke Mjerumani, jambo ambalo Wanazi waliliita kuichafua damu yao. Hakufikishwa mahakamani. Walimpeleka kambi ya mateso ya Sachsenhausen, kaskazini ya Berlin, wakati majumba ya sinema yangali yakimwonesha akiwa Ramasan mwaminifu. Alikaa humo miaka mitatu. Alifariki tarehe 24 Novemba 1944, akiwa na umri wa miaka 40.

Na mwandishi? Yeye alipanda ngazi. Mwaka 1942 alikabidhiwa kazi kubwa kuliko zote, *Titanic*, filamu ya gharama kubwa iliyotakiwa na Goebbels, waziri wa propaganda, ili meli ya Waingereza izame mbele ya dunia kwa sababu ya uroho wa matajiri wake. Mwongozaji alikuwa tena Selpin. Picha nyingi zilipigwa kwenye meli ya abiria *Cap Arcona*, iliyokuwa imetia nanga katika Bahari ya Baltiki. Zerlett-Olfenius alitangulizwa huko na kikosi cha pili kuandaa kazi. Selpin alipofika akakuta kazi haijaenda, kwa kuwa maofisa wa jeshi la majini waliokuwa hapo walikuwa wakihangaika na waigizaji wa kike. Akapandwa na hasira, akalitukana jeshi na nishani zake mbele ya mwandishi wake.

Ilikuwa hasira ya kazini, tena mbele ya rafiki. Zerlett-Olfenius, aliyeliheshimu mno jeshi, akaenda akamchongea kwa wakubwa wa Kinazi. Selpin akaitwa mbele ya Goebbels. Akaulizwa kama anayafuta maneno yake, akakataa kuyafuta. Akawekwa ndani, na asubuhi ya tarehe 1 Agosti 1942 akakutwa amekufa seli, shingo ikiwa kitanzini. Filamu akaimalizia mwongozaji mwingine, Werner Klingler, ambaye jina lake halikuandikwa.

Wenzao kwenye filamu walijua. Wakaacha kusema na Zerlett-Olfenius. Akiingia chumbani, watu wanatoka. Na hapo Goebbels akatoa tangazo kwamba atakayemtenga mtu huyu atajibu kwake yeye mwenyewe. Wazee wangu, ninyi mnaoijua adhabu ya kutengwa kijijini, kwamba mtu hapewi moto wala chumvi, mnaelewa kilichotokea: watu walitaka kumwadhibu kwa njia pekee waliyobaki nayo, na serikali ikawalazimisha kumsalimia.

*Titanic* yenyewe ilioneshwa Paris mwezi Novemba 1943, lakini Goebbels akaizuia isioneshwe Ujerumani. Miji ilikuwa ikipigwa mabomu kila usiku, na filamu ya watu wanaokufa wakipiga mayowe melini haikumpendeza tena. Na ile *Cap Arcona* iliyoigiza kuzama, tarehe 3 Mei 1945 ilizama kweli, ikiwa imejaa maelfu ya wafungwa wa kambi za mateso, kwa mabomu ya ndege za Uingereza ambazo marubani wake hawakujua nani wamo ndani.

Vita vilipokwisha, Wajerumani walianzisha mabaraza ya kuwapima watu kwa waliyoyatenda wakati wa Hitler. Mwaka 1947 Zerlett-Olfenius alifikishwa katika baraza la Munich, akahukumiwa miaka mitano ya kambi ya kazi na kunyang'anywa nusu ya mali yake. Alihukumiwa kwa ajili ya Selpin. Neno alilolisema kwa wakubwa lilimuua mwenzake, na hilo baraza lililiona.

Jambo linalonisumbua mimi ni lile jingine. Kumchongea Selpin lilikuwa tendo la siku moja, la hasira na woga na chuki, na akaadhibiwa. *Carl Peters* ilikuwa kazi ya miezi, iliyofikiriwa, ikaandikwa, ikafutwa, ikaandikwa tena, ikalipwa. Kwa ajili ya hiyo sioni kwamba kuna aliyemwita kujibu. Jagodja na Mabruk hawakuwa na ndugu katika baraza la Munich. Wale askari wa Afrika Magharibi waliosimamishwa kushangilia hawakuitwa kutoa ushahidi. Ukimchongea mtu mmoja, mtu huyo ana mke na rafiki wa kukudai. Ukiichongea nchi nzima kwa filamu, atakudai nani?

Ndiyo maana nawaambia vijana wa Songambele wanaopiga filamu zao kwa simu, wakazituma kwa WhatsApp na kuziweka YouTube, kwamba skripti siyo karatasi ya kuandika baada ya kupata lokesheni na nguo. Nimeona kazi ambazo waigizaji wanaambiwa hapohapo, sema chochote, gombana naye kidogo, lia. Vipaji vipo. Lakini ukiangalia nani anafanywa mjinga katika vichekesho hivyo, mara nyingi ni mtu wa shamba, ni mtumishi wa ndani, ni mwanamke mzee anayeitwa mchawi. Mmeamua lini? Nani kaamua? Mwongozaji Amil Shivji alipoichukua riwaya ya Adam Shafi, *Vuta N'kuvute*, akaifanya filamu mwaka 2021, alianza na kitabu ambacho watu wake wana majina, wana hasira zao, wana mapenzi yao. Ndiyo maana Zanzibar ya ukoloni tunayoiona humo ina watu ndani yake. Karagwe ya Mfalme Rumanyika, aliyewapokea wasafiri Waingereza Speke na Grant mwaka 1861, bado haijapata mwandishi wa filamu wa kuitendea hivyo. Speke aliandika yake. Sisi tunasubiri nini?

Filamu ya *Carl Peters* haijaharibiwa. Huko Ujerumani imewekwa katika kundi la filamu za Kinazi ambazo haziruhusiwi kuoneshwa ovyo. Zinaoneshwa tu akiwapo mtaalamu wa kuzitolea maelezo kwanza, na watazamaji kuzijadili. Na Husen naye amekumbukwa. Mwaka 2007 liliwekwa jiwe dogo la shaba lenye jina lake kwenye njia ya waenda kwa miguu Berlin, mtaa wa Brunnenstrasse alikokuwa akiishi. Mwaka huohuo mtafiti Marianne Bechhaus-Gerst akachapisha kitabu kizima juu ya maisha yake, na mwaka 2013 Eva Knopf akatengeneza filamu ya kumbukumbu inayomtafuta ndani ya picha zote alizopita. Wajerumani hao wawili nawashukuru kwa dhati.

Lakini nataka filamu ile ya *Carl Peters* ije huku. Naziomba taasisi zetu za utamaduni na nyaraka, pamoja na ubalozi wa Ujerumani, ziombe nakala ioneshwe Tanzania, na isiishie katika ukumbi wa Dar es Salaam mbele ya watu wa kualikwa. Ifike hadi Songambele. Wao wanataka mtaalamu wa kutoa maelezo, nasi tunao wetu, tumewazoea tangu akina Lufufu: msimulizi wa kibanda, mwenye maikrofoni, anayejua kusimamisha picha na kuzungumza na watu waliojaa. Apewe muda asome historia yote kwanza. Picha ikifika kwenye kunyonga, asimamishe, awaeleze watu nani walikuwa Mabruk na Jagodja na kilichowapata Kilimanjaro. Ikifika kwa Ramasan, asimamishe tena, aseme kwamba huyu ni Mahjub bin Adam Mohamed wa Dar es Salaam, na maneno haya anayoyasema ameandikiwa na nani. Baada ya hapo wazee wa Songambele wapewe maikrofoni, waseme wanachotaka kusema, kwa Kiswahili au kwa Kinyambo, na kijana mmoja akae pembeni akiyaandika.

Wenye maoni kuhusu jambo hili, hasa walimu wa historia na ninyi mnaosimulia kwenye vibanda, tuleteeni hapa studio wiki hii, nitayasoma katika mazungumzo yajayo.